Zamu ya Kusindikiza

Mkokoteni ulikuwa umeshavuka lango, kama bado unaweza kuliita lango, maana milango yake miwili ya chuma iling'olewa mwaka wa kwanza ili asije mtu akasema amefungiwa ndani. Mbele alishika mwanamke, akiongoza. Nyuma alisukuma mumewe, kichwa chini, kama mtu anayetafuta sindano iliyodondoka barabarani. Juu kulikuwa na cherehani iliyofunikwa blanketi, sanduku la bati na furushi moja la nguo. Mke alikuwa anahama. Mume alikuwa anamhamisha.

Usimfikirie vibaya. Hakuwa anamfukuza. Ilikuwa zamu yake tu.

Walikotoka paliitwa Nyumba, basi, hapakuwa na jina jingine. Kilikuwa kiwanda cha sabuni kilichokufa, na watu arobaini na mmoja walikuwa wamehamia humo wakaishi pamoja bila bosi wala mtumwa. Walikula kwenye ukumbi wa mapipa, wakalala kwenye vyumba vya makarani wa zamani, na hata baada ya miaka saba ukuta ukilowa mvua ulitoa povu. Mlangoni pa jiko palikuwa na ubao wenye matundu na vijiti. Kila tundu lilikuwa kazi: kupika, kufua, kuchota maji, kulea watoto, kusindikiza wanaoondoka. Kila Jumamosi vijiti vyote vilisogezwa tundu moja mbele. Zamu haikubadilishwa, kwa sababu, walisema, anayekuomba leo umshikie zamu kesho atakuajiri. Wiki ile kijiti cha mume kiliangukia kwenye kusindikiza. Ubao hauna macho.

Mume huyo walimwita Kamusi. Zamani alisahihisha makosa kwenye kiwanda cha uchapaji, na huko ndiko alikookota, kwenye rundo la karatasi zilizoharibika, kitabu kisicho na jalada kilichohusu mji wenye raha. Msafiri anapotea njia, anaangukia mji ambao hakuna mwenye njaa, hakuna kufuli, hakuna anayemwita mwenzake bwana. Mwenyeji mmoja anamtembeza tangu asubuhi hadi jioni akimweleza kila kitu. Kamusi alikisoma mara tatu, akawasomea marafiki, marafiki wakawaambia marafiki, na hivyo ndivyo Nyumba ilivyozaliwa. Kila baada ya chakula cha jioni ukurasa mmoja ulisomwa mezani.

Mkewe, ambaye kila mtu alimwita Fundi kwa sababu ya cherehani yake, alisikiliza kurasa hizo akitia vifungo. Siku moja aliuliza mbele za watu, "Hivi huyo mwenyeji ana mke?"

"Kitabu hakisemi," alijibu Kamusi.

"Nimejua tu. Kutwa nzima yuko barabarani na mgeni. Halafu huko hakuna hata mtu mmoja anayeumwa jino. Na huyo msafiri naye, kila ukurasa 'Ajabu! Ajabu!' Mtu mzima hovyo."

Ukumbi ulicheka mpaka vijiko vikaanguka, na Kamusi akacheka pia. Alimpenda sana alipokuwa hivyo. Lakini kumwambia hakumwambia, maana walikuwa watu wengi mezani, na Nyumba haikupenda wawili wajitenge na wengine.

Sasa walikuwa wanashuka barabara ya mafundi viatu. Gurudumu la kushoto lilikuwa linalia.

"Treni ni saa nne," alisema Fundi bila kugeuka. "Bado mapema. Mtu akiwa na la kusema, nafasi anayo."

"Gurudumu hili linataka mafuta," alisema Kamusi.

Walikwenda hatua kama ishirini. "Ndiyo," alisema mwisho. "Mafuta."

Fundi viatu mmoja aliinua uso kutoka kwenye soli. Watu wa mjini waliwaita wale wa Nyumba watu wa peponi, na si kwa heshima.

"Shemeji! Peponi kumekucha? Mbona mnatoka na mizigo?"

"Natoka mimi peke yangu, kaka," alijibu Fundi. "Huyu anarudi."

"Basi shukuru, dada yangu. Baba yetu Adamu alitolewa mikono mitupu. Wewe wamekupa na cherehani!"

Fundi alicheka. Kamusi alijaribu kucheka, likatoka kama kikohozi.

Ngoja niseme alichokuwa nacho moyoni, maana yeye mwenyewe hakukisema. Alikuwa na maneno mawili tu: usiende. Yalimkaa kooni tangu siku nane zilizopita, Fundi aliposimama mezani akatangaza kwamba anakwenda kwa mdogo wake, ambaye ana duka la nguo katika mji mwingine. Sababu alizitaja waziwazi. Nyumba ilivaa nguo za vipimo vitatu, kidogo, kati na kikubwa, na yeye alikuwa amesahau kushona shati kwa kipimo cha bega la mtu mmoja. Kila miezi mitatu vyumba vilipigiwa kura, na kura mbili zilizopita ziliwalaza yeye na mumewe ncha mbili za jengo. Halafu alimtazama Kamusi akasema, "Na nimechoka kupendwa kwa mgawo, kama sabuni." Watu walitazama sahani zao. Kamusi naye.

Sheria ya kwanza ya Nyumba ilisema: anayeondoka haombwi abaki. Aliiandika Kamusi kwa mkono wake. Wengi walidhani ameitoa kitabuni, lakini hapana. Aliitoa kwa baba yake. Baba yake, fundi wa saa, alifunga sanduku lake siku moja akiwa na miaka arobaini, na mama akapiga magoti mlangoni akalia. Baba akafungua sanduku. Akakaa miaka kumi na tisa mbele ya dirisha lile lile, anaitikia salamu, anakula anachopewa, hana neno baya wala zuri. Mtoto aliyekua ndani ya nyumba ile aliapa kwamba hatamfunga mtu kwa machozi, na hata jela ya aina hiyo ataing'oa mlango. Kwa hiyo alisukuma mkokoteni. Kwake, kule kunyamaza ndiko kulikuwa kupenda. Mwenye kunyamaziwa angejuaje?

Kituoni wapagazi wawili walibeba cherehani mpaka kwenye behewa la mizigo. Fundi alisimama akiwakagua. "Taratibu, baba, hiyo si gunia la viazi. Shika miguuni. Miguuni, siyo kwenye gurudumu!" Kisha akakaa kwenye benchi, na Kamusi akakaa pembeni yake, nafasi ya mtu mmoja ikiwa katikati yao.

Hapo akatoa karatasi na penseli, maana zamu ilikuwa bado haijaisha. Ilikuwa desturi ya Nyumba kwamba anayeondoka aseme kasoro moja aliyoiona. Msindikizaji huiandika neno kwa neno na habishi. Jioni yake husomwa mezani, na kasoro iliyosomwa lazima itengenezwe kabla mwezi haujaisha. Mmoja alisema mlango wa choo cha juu unapiga kelele, wakaufunga mpira. Mwingine alisema mchuzi ni maji, wakaurekebisha. Mzee mmoja alisema, "Mnacheka kwa zamu," nao wakahangaika mwezi mzima, wasijue pa kushika.

"Kasoro uliyoiona?" aliuliza Kamusi. Sauti ilikuwa ya karani.

Fundi alitazama reli. "Andika. Mume wangu hakuniomba nibaki."

Penseli ilisimama. "Hiyo si ya Nyumba."

"Msindikizaji habishi."

Akaandika. Mwandiko wake, uliokuwa umenyooka kama uzio, ulipanda ukashuka. Treni iliingia. Fundi alisimama, akampangusa vumbi la mkokoteni begani kwa kiganja, akalinyoosha bega la shati ambalo lilikuwa kipimo cha kati na halikumkaa sawa.

"Kaa salama, Kamusi. Maneno yote unayo wewe."

"Fika salama," alisema.

Akapanda. Treni ikaondoka. Kamusi alirudi akikokota mkokoteni mtupu, na fundi viatu alipomwona uso hakumtania.

Jioni aliisoma mezani, kwa sababu ndiyo kazi. Aliisoma vizuri, hakuruka neno.

Wa kwanza kusema alikuwa mpishi wa wiki ile, mtu mnene aliyekuwa mwalimu wa hesabu. "Hapa pana tatizo. Tukimtuma akaombe, tunavunja sheria ya kwanza. Tusipomtuma, kasoro haijatengenezwa, tumevunja desturi ya kasoro."

Basi wakajadili. Walijadili jioni tatu mfululizo, kwa sababu watu wa Nyumba walikuwa hodari wa kujadili kuliko kupika. Jioni ya tatu walifikia uamuzi, nao ulikuwa uamuzi ambao hakuna watu wengine duniani wangeweza kuufikia: kwamba ombi halitakuwa la mtu mmoja, litakuwa la wote. Wakateua watu watano. Wale watano wakaandika barua: "Sisi wakazi wote, kwa sauti moja, tukizingatia mchango wako katika ushonaji, tunakuomba ubaki." Wakampa Kamusi aisahihishe makosa. Na yeye, Mungu amsamehe, akachukua penseli akaanza kusahihisha.

Bibi Haraka ndiye aliyeinyakua. Walimwita hivyo kwa sababu hapakuwa na kiumbe mzito wa mwendo kama yeye. Kutoka chumbani hadi mezani alitumia nusu saa. Lakini mkono ulikuwa mwepesi. Aliichana barua vipande vinne.

"Mwanamke haombwi kwa kikao," alisema. "Na ameshakwenda, nyinyi mnamwandikia abaki. Abaki wapi, kituoni? Wewe, mjukuu wangu, njoo hapa nikuone. Ulitaka abaki?"

Kamusi alisimama mbele yake kama mwanafunzi. "Nilitaka, bibi."

"Ulitaka sana?"

"Sana."

"Ukanyamaza kwa nini?"

Akamweleza habari za sanduku la baba yake, mama mlangoni, na dirisha. Hakuwahi kumweleza mtu. Ukumbi wote ulisikia, na mwalimu wa hesabu akavua miwani.

Bibi Haraka alifikiri. "Mama yako alilia mpaka baba yako akaona aibu kukataa. Hayo ni mengine. Wewe ukaseme shida yako, ukubali jibu. Mficha uchi hazai." Akajikokota mpaka kwenye ubao wa zamu. Walimsubiri afike, hakuna aliyemharakisha. Akachomoa kijiti cha Kamusi akamtilia mfukoni. "Wiki hii huna kazi hapa. Nenda."

Duka la mdogo wake Fundi lilikuwa chumba kimoja chenye dirisha kubwa. Kamusi alifika saa sita mchana, nguo zimemkunjamana kwa safari. Fundi alikuwa amepiga magoti mbele ya mama mmoja mnene, pini mdomoni, akipima pindo la gauni. Alimwona kupitia kioo. Hakutoa pini.

Kamusi angeweza kungoja mteja aondoke. Mtu mwenye akili angengoja. Lakini alijua akingoja yatarudi kooni, kwa hiyo akayasema pale pale mlangoni, begi mkononi.

"Nilitaka kukwambia usiende. Nakuomba urudi. Si wao, ni mimi."

Mteja aligeuka kumtazama. "Kha! Simama vizuri, mama, nitakuchoma," alisema Fundi, pini bado mdomoni. Akatoa pini moja moja akazichomeka kwenye mto wake. "Siku zote hizo ulinyamaza. Kwa nini?"

"Niliogopa."

"Uliogopa nitakataa?"

"Niliogopa utakubali." Akamweleza habari za dirisha kwa mara ya pili, na mara hii kwa kifupi.

Fundi aliinuka, magoti yakalia. Akamsogelea.

"Mimi si baba yako," alisema polepole. "Mimi nikiombwa, naweza kusema hapana. Ona sasa. Umeniomba?"

"Nimekuomba."

"Hapana. Sirudi."

Kamusi aliitikia kwa kichwa. Ilimuuma, tena sana, lakini kooni palikuwa wazi. Akainama kuchukua begi aliloliweka chini.

"Unakwenda wapi?"

"Umesema hurudi."

"Nimesema sirudi. Nimekwambia uondoke?" Macho ya Fundi yalikuwa yamejaa maji na alikuwa anacheka. "Mimi nami nina ombi. Kaa."

"Kubali, baba," alisema yule mteja, mikono juu, gauni likining'inia upande. "Kubali nimaliziwe pindo, nimeacha chungu jikoni."

Kamusi akakubali. Siku ile ile alipimwa mabega, na shati lilikuwa tayari siku ya tatu.

Waliishi kwenye chumba cha nyuma ya duka miaka sita, kisha wakapanga nyumba ndogo karibu na soko. Kamusi alisahihisha kalenda, mialiko ya harusi na magazeti ya chama cha wafugaji kuku. Mara mbili kwa mwaka alikwenda Nyumba na kushika zamu ya wiki moja, kwa kawaida kufua. Walizaa binti mmoja, ambaye sasa ni mpimaji ardhi. Mdogo wake Fundi aliolewa na dereva wa lori na kuhamia mbali. Bibi Haraka alikufa mwaka wa pili baada ya Kamusi kuondoka, kwa homa ya mapafu, akazikwa na watu wote wa Nyumba. Sheria ya kwanza ilifutwa, ikarudishwa, ikafutwa tena. Mwaka wa kumi na moja paa la ukumbi wa mapipa liliporomoka asubuhi moja. Hakuumia mtu, lakini hapakuwa na jinsi ya kulijenga upya, na watu wakatawanyika kwa ndugu zao. Mwalimu wa hesabu alirudi kufundisha, akastaafu. Kitabu alibaki nacho yeye, na mchwa walikila. Kiwanda sasa ni ghala la mbao.