Bibi Mzaa Baba

Mke wa Alen alikuwa amejifungua, na Rahabu akashuka kutoka Lukozi na kuku jike mnene, unga wa uji na nguo za kumkandia mzazi. Alen ndiye mwanawe wa pekee, na mtoto huyu ndiye mjukuu wake wa kwanza. Waumini wenzake wote alishawaaga: asingeonekana kanisani hadi mtoto atimize arobaini.

Alen akampokea stendi ya Lushoto. Akamfunga kuku nyuma ya pikipiki. Akampeleka mama gesti.

"Nyumba imejaa mama, wakwe zangu wapo wote. Kesho asubuhi nakufuata, umpakate mtoto."

Wakwe wamepata pa kulala, mama mzazi amekosa! Rahabu akayameza. Angemgombeza mbele za watu angejiumbua mwenyewe.

Jioni ukumbini alimkuta mzee mmoja, peke yake, mbele yake sahani mbili za wali.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mama. Mimi Ramadhani, wa Vuga. Namngoja binti yangu tule."

Rahabu hakukubali kupitwa. Akamsifia Alen, akamsifia mjukuu ambaye angempakata kesho, ingawa hata jina lake hakuambiwa. Wali wa binti ukapoa.

Mzee alipokwenda kulala, Loveness, mhudumu, akanong'ona, "Huja kila mwezi. Binti anakaa mtaa wa pili tu, lakini hajawahi kutia mguu hapa."

Rahabu akacheka. Ndiyo, alicheka, roho yake kwatu. Mtu mzima na ndevu zake, kudanganywa hivyo!

Asubuhi akavaa kitenge cha kanisani, akakaa nje mlangoni. Kila pikipiki iliyopita alisimama. Ukungu ukaisha mabondeni, jua likawaka, hadi Loveness akatoka, macho chini.

"Mama, Alen kapiga simu. Kasema mzazi anakandwa na mama yake, wanatosha. Upumzike, kesho urudi Lukozi."

Arudi kwa uso gani? Angelia, lakini angemlilia nani? Akajikokota hadi ukumbini. Mzee Ramadhani ndiyo kwanza anatoka chumbani.

"Aa, umesharudi, mama! Hongera! Haya, mjukuu kafanana na nani?"

Rahabu akavuta kiti, akaketi mezani pake.

"Na mimi," akasema. "Hasa pua."