Mke wa Nne wa Dokta Merrow

Daphne alianza kukataa chakula wiki ile ile televisheni ilipoanza kurudia tamthilia ya zamani ya Dokta Merrow saa za alasiri. Mumewe, Adrian Vayle, hakulitambua hilo mara moja. Masikini, alikuwa na furaha zake. Tangu astaafu hakuna aliyekuwa na habari naye, na sasa huyo hapo kwenye kioo, sebuleni kwao katika mji wa Worthing, kijana, nywele nyeusi tii, anamkorogea mke wa kwanza wa Merrow supu. Akamwita mkewe aje amwone. Kosa lenyewe ndilo hilo, na ni kosa la waigizaji: ajione anaigiza vizuri halafu anyamaze? Haiwezekani.

Maana alikuwa anaigiza vizuri, hilo hatumnyimi. Majukwaa ya London aliyakanyaga tangu ujana, akawa mfalme, akawa padri, akawa mpenzi wa kila namna. Lakini watu hawakumkumbuka kwa hayo. Walimkumbuka kwa yule tabibu mpole wa kwenye televisheni aliyewalisha wake zake watatu sumu kwa kijiko, huku akiwauliza kama wamefunikwa miguu vizuri. Hata buchani walimtania, "Dokta, leo umemzika nani?" Naye alicheka, akachukua soseji zake akaenda. Daphne, aliyekuwa mshonaji wa mavazi ya jukwaani, ndiye aliyecheka kuliko wote.

Ila Daphne wa sasa alikuwa mgonjwa wa kusahau. Harusi yao ilishamtoka kichwani, na nyumba hakujua ni ya nani. Cha ajabu, alichokiona kwenye televisheni kilimganda. Jioni ile Adrian alipokaa pembeni ya kitanda na bakuli la supu, akapuliza kijiko kama alivyozoea, mkewe alifumba mdomo akamkodolea macho. Alitetemeka mpaka kitanda kikalia.

Tangu hapo akawa anakunywa maji ya bomba tu, tena afungue bomba mwenyewe. Daktari alikuja, akaiona mifupa ilivyotokeza, akamweleza Adrian bila kuzunguka: hali isipobadilika, mama huyu atapelekwa kwenye makao ya wagonjwa, na wa namna yake wakihamishwa hawaishi siku nyingi. Adrian alikuwa amemwahidi Daphne, enzi akili zake zikiwa timamu, kwamba hatatolewa nyumbani kwake. Aling'oa televisheni akaitupa bandani. Haikusaidia, kwa sababu uso wa Merrow alikuwa nao yeye mwenyewe na aliamka nao kila siku.

Basi akafanya kazi aliyoijua. Alijibandika masharubu ya mvi kwa gundi, akavaa kofia na koti kuukuu, akatoka mlango wa nyuma na kuzunguka hadi wa mbele. Sauti nayo akaibadilisha. Ile sauti laini ya London alifundishwa kwenye chuo cha uigizaji. Kabla ya hapo alikuwa Walter Ibbotson, mtoto wa muuza makaa wa Bradford, mwenye lafudhi nzito ya kaskazini ambayo walimu waliicheka mpaka ikamtoka. Siku hiyo aliirudisha, na ilimuuma kuisikia, maana ilikuwa sauti ya marehemu baba yake. Akajitambulisha: Ibbotson, jirani, nimeleta pai ya nyama.

Daphne alimtazama weee, mpaka gundi ikaanza kumwasha. Kisha akala. Alikula pai yote akauliza kama hakuna nyingine, na Adrian ikabidi ageukie dirishani, machozi yasije yakamharibia masharubu.

Ikawa ndio mtindo. Mchana anakuja Ibbotson, Daphne anakula, mashavu yanarudi. Alifikia hata kumtania kwamba mwanamume mpishi hivi lazima mkewe hapiti mlangoni kwa unene. Asubuhi Adrian alijitahidi asionekane. Akionekana, mkewe alisimama kizani kwenye ukumbi akamfuata kwa macho, na yeye akawa ananyata nyumbani kwake mwenyewe.

Halafu asubuhi moja akamkuta jikoni, amejifunga aproni, amemwandalia chai. Daphne alimtabasamia. Adrian hakuamini bahati yake. Aliona mkewe amerudi, amemsamehe lile ambalo hakulitenda, akainywa chai yote na sukari yake nyingi, akashukuru.

Mchana Ibbotson alifika amechelewa. Tangu saa nne tumbo lilikuwa limemchafuka na miguu mizito, akasema ni uzee. Daphne, amekaa kitandani na sahani yake, alikuwa mchangamfu. Alichota viazi, akatafuna, akamvuta mkono wa koti.

"Bwana Ibbotson, ukichoka usijisumbue tena. Sasa naweza kupika mwenyewe."

"Imekuwaje, mama?"

"Yule mwanamume anayekaa humu. Alikuwa ananitilia sumu, wala usinibishie, nilimwona kwa macho yangu." Akainama karibu. "Leo nimemwahi. Vidonge vyangu vya moyo, chupa nzima, nimemsagia kwenye chai. Na adabu yote ile, akaniambia asante."

Adrian alijua hapo hapo kwamba haukuwa uzee. Aliogopa, aliogopa kama mtoto. Simu ilikuwa ukumbini. Akifa yeye, nani mwingine atamlisha mwanamke huyu? Aliinuka, magoti yakakataa, akaanguka kati ya kitanda na ukuta, kofia ikaenda zake.

"Pole, Bwana Ibbotson," Daphne alisema, akashuka kitandani haraka akamshika bega. Alikuwa na mikono yenye huruma. Alimuuliza amwitie nani.

Alichotakiwa Adrian ni kusema neno moja tu kama mtu wa Bradford. Alilitafuta. Lakini pumzi ilikuwa imekwisha, na iliyomtoka ni ile sauti aliyopewa na chuo, laini, nzuri, kila herufi mahali pake.

"Daphne, mpenzi, piga simu."

Mkono uliondoka begani. Alimsikia akirudi nyuma, hatua kwa hatua, mpaka mlangoni, na mlango ukafungwa kwa ufunguo kutoka nje.