Breki Hakukosea Gia

Mwanangu wanamwita Breki, na waliompa jina hilo walikuwa na utani wao, maana sijaona mtu asiyesimama kama yeye. Anaendesha lori la tela kuvuka mipaka. Nimemzaa mimi, kwa hiyo nikimsifu mnivumilie.

Tulikwenda ofisi ya pasipoti pamoja na mjomba wake. Pasipoti ya zamani ilikuwa imekwisha muda, na tajiri wake alishasema: ukikosa mpya kabla ya safari ijayo, lori anapewa mwingine. Fomu ikauliza kama mwombaji ana kesi ya jinai mahakamani. Kaka yangu akamwinamia sikioni.

"Weka hapana. Nani atajua?"

"Nitajua mimi, mjomba," akasema, akaweka ndiyo, kalamu ikakaribia kutoboa karatasi.

Afisa akasoma, akavua miwani. Hakuwa mtu mbaya. Akatueleza kwamba mwenye kesi hapewi pasipoti mpaka mahakama imruhusu kwa maandishi. Kaka yangu alininunia njia nzima kana kwamba mimi ndiye niliyejaza.

Kesi yenyewe ni hii. Meneja wa ghala moja alikuwa na mazoea ya kuwafungia wapakizi ndani kwa kufuli, eti wasiibe, halafu anakwenda kula na ufunguo mfukoni. Siku hiyo moshi ukaanza kutoka madirishani, watu wanagonga mlango na kulia. Breki, aliyekuwa nje akisubiri mzigo, akapanda lorini, akarudisha tela kinyumenyume, akaubomoa ule mlango. Wote wakatoka wanakohoa, wazima. Na aliyeshtakiwa ni nani? Mwanangu. Kuharibu mali kwa makusudi. Ama kweli, shukrani ya punda ni mateke.

Meneja aliposikia tumeomba ruhusa ya mahakama, akaja nyumbani. Tukampa chai.

"Mama, tuyamalize. Aseme tu alikosea gia. Alitaka kwenda mbele, lori likarudi nyuma, bahati mbaya. Sisi tunafuta kesi, yeye anapata pasipoti yake."

Nikamwelewa. Ikiwa bahati mbaya, hakuna atakayeuliza habari za kufuli. Hata hivyo roho yangu ilitamani akubali, maana lori lile ndilo linalotulisha.

"Nikosee gia? Mimi?" Breki aliumia kuliko siku aliyokamatwa. "Meneja, ule mlango niliulenga. Kunywa chai, inapoa."

Mahakamani, mwendesha mashtaka alidai kwamba mtu huyu akivuka mpaka ndiyo basi tena. Hakimu, mama mmoja mkavu, akauliza nani atamdhamini. Nikasimama.

"Una uhakika gani atarudi?"

"Mheshimiwa, huyu aliulizwa na karatasi tu akasema kweli. Sembuse wewe, mtu mzima?"

Watu wakacheka. Hakimu akaandika kwenye faili lake, akaruhusu: apewe pasipoti, asafiri, na siku ya kesi airudishe mkononi mwa karani.

Siku hiyo ikafika. Meneja alisimama barazani mwa mahakama na wakili wake, akitazama saa. "Si tulisema harudi?" akanong'ona, kwa sauti ya kunifikia. Nikageuza macho langoni.

Ndipo nikasikia injini ninayoijua. Breki alikuwa anatoka mpakani moja kwa moja, lori zima vumbi. Uani hapakuwa na nafasi ya kugeuzia, huku gari la hakimu, huku bustani ya maua. Mtu mwenye akili angeegesha nje. Yeye akatoa kichwa dirishani.

"Mama, simama nyuma!"

Nikasimama. "Njoo... njoo... kata kulia... njoo..." Makarani walijaa madirishani. Tela likapita langoni polepole, likajipanga kando ya gari la hakimu bila kugusa hata ua moja. "Basi!" nikapiga kelele, na wapakizi waliokuja kutoa ushahidi wakapiga makofi.

Akashuka, akafuta mikono, akampita meneja bila salamu, akamkabidhi karani pasipoti yake mpya.

Nikamgeukia meneja. "Baba, hebu nikumbushe. Ulisema alikosea nini vile?"

Akaitazama tena saa yake. Ndani wakaita kesi yetu, mwanangu akatangulia.