Bata wa Tikiti

Bata wa tatu ndiye aliyeanza kutokwa na povu mdomoni.

Kimya aliliona alipokuwa akipangusa meza. Lilitambaa taratibu, jeupe, kwenye mdomo aliouchonga mwenyewe juzi kwa kisu kidogo cha ncha kali. Akalipangusa. Likarudi. Akanusa kitambaa, akakificha chini ya meza.

Alikuwa amemaliza chuo mwaka uliopita, na tangu hapo alimsaidia shangazi yake, mpambaji wa sherehe ambaye hata wateja walimwita Shangazi. Jina la Kimya alilipata kwa shangazi huyo huyo, maana ungeweza kushinda na binti yule kutwa usisikie neno zaidi ya "abee". Shangazi ndiye aliyesema kwa niaba ya wote wawili, na safari hii alikuwa amesema mengi. Mke wa daktari wa meno alitaka karamu ya msimu wa joto yenye kitu ambacho hakuna mtu amewahi kukiona, naye shangazi akamwahidi matikiti maji kumi na mawili ya kuchongwa: bata, vikapu, na mabakuli matatu makubwa yenye kingo za maua.

Ila tikiti likishakatwa halina subira. Friji ya shangazi ilimeza mawili tu. Yaliyobaki yalilala sebuleni siku mbili juu ya magazeti, feni ikiyapepea kama wagonjwa, mpaka nyumba ikanuka soksi na pombe. Asubuhi Kimya alipoinua moja, ganda lilibonyea chini ya kidole gumba, laini na vuguvugu kama shavu la mtu, na maji yenye utelezi yakamchirizika hadi kwenye kiwiko. Alinawa mara nne. Utelezi ulitoka, harufu ikabaki.

"Mapambo hayaliwi," shangazi alimwambia. "Kazi yake kutazamwa."

Akachukua mkebe wa spreyi ya nywele, ile anayotumia kushikiza maua yasilegee, akayapulizia yote nje na ndani mpaka yakang'aa kama viatu vya askari. Nzi waliokuwa wakinyonya ndani ya bakuli moja waligandia humo humo, miguu juu.

"Funika kombe mwanaharamu apite," akasema, na kutupa mkebe kwenye mfuko.

Sasa ilikuwa saa nane mchana, bustanini kwa daktari, na jua lilikuwa likiyapika upya. Wageni walipiga picha na bata. Bwana mmoja mwenye kitambi alichokonoa meno, akachomeka kijiti kwenye kikapu, kisha akaizima sigara yake mgongoni mwa bata. Ikalia *tsss*. Kimya akageuza uso.

Ndipo mke wa daktari alipokuja, nyuma yake mpishi amebeba sufuria ya juisi.

"Shangazi, nimepata wazo. Juisi ya watoto tuitie humu kwenye mabakuli yako. Si itapendeza?"

Kimya alingoja shangazi akatae. Shangazi alitabasamu hadi magego yakaonekana.

"Mama, umeniwahi. Yamechongwa kwa kazi hiyo hiyo."

Mpishi akamimina. Juu ya juisi kukatanda utando wenye rangi rangi, kama mafuta kwenye dimbwi la barabarani. Nzi mmoja akabanduka, akaelea akizunguka.

"Shangazi," Kimya alinong'ona, "mle kuna spreyi. Na yamechacha."

"Watoto wanakula mchanga, hawafi."

"Tumwambie tu."

"Tumwambie nini? Miaka kumi na tisa nimejenga jina, leo nilizike ndani ya tikiti?" Shangazi hakuacha kutabasamu. "Nyamaza, mwanangu. Si ndiyo kazi unayoiweza?"

Watoto walikuwa wameshapanga mstari, vikombe mkononi. Wa kwanza alikuwa msichana asiye na meno ya mbele. Mpishi akamjazia. Akanusa, akamtazama Kimya.

"Dada, mbona inanuka kichwa cha mama?"

"Msinywe," Kimya akasema. Hakuna aliyesikia. Akamnyang'anya mtoto kikombe. "Msinywe. Hakuna kunywa."

"Kuna nini?" mke wa daktari akauliza.

Kimya aliviambia viatu vyake. "Yamepuliziwa spreyi ya nywele, mama. Yalikatwa juzi. Yameoza."

Kicheko cha shangazi kilikuja upesi mno. "Jua limempanda kichwani huyu. Hajazoea watu."

Mke wa daktari aliwatazama kwa zamu, kisha akachukua kile kikombe mkononi mwa Kimya. "Basi onja wewe, shangazi, tuendelee na sherehe."

Shangazi akakipokea. Kimya alitaka kukizuia, mkono ukakataa. Akaona koo la shangazi likipanda na kushuka, mara moja, mara mbili. Shangazi alishusha kikombe, bado anatabasamu, ila midomo ilikuwa imeanza kucheza. Akageuka, akashika kingo za maua kwa mikono miwili, akatapika ndani ya bakuli. Watoto walinyoosha shingo waone vizuri.

Kimya alimshika kilemba kisiingie humo. Akamsugua mgongo.

Baadaye walikuwa nyuma ya jiko, kwenye shimo la taka, ambako mke wa daktari alitaka kila tikiti lipelekwe. Kimya aliyabeba moja moja kifuani, blauzi imelowa inamganda mwilini, nzi wakimfuata kama watu wa familia. Shangazi alikuwa ameketi juu ya kreti, akisukutua.

"Umenivua nguo mbele za watu," akasema.

"Ungewanywesha, shangazi."

Shangazi alizungusha maji mdomoni kwa muda mrefu, akayatema.

"Ningewanywesha," akasema, na kunyoosha mkono aongezewe maji.