Turubai Chini ya Mkungu

Kwa miaka kumi na tisa Dakta Kokuberwa alikuwa akitafuta virusi vya wanyama vinavyoweza kuingia kwa binadamu, na karibu miaka yote hiyo alishika kanuni moja: usimtishe mtu kabla ya jibu la maabara. Mwaka wa kwanza aliwahi kuona mtaa mzima ukikata miti na kuchoma popo kwa neno moja alilolisema yeye mapema.

Kwa hiyo alipomwomba Bi Hamisa wa Mtoni ruhusa ya kutandika turubai chini ya mti wake wa mkungu, ambao popo waliujia usiku, alisema tu kwamba anawachunguza popo. Hakusema kwamba anakinga mkojo wao. Kila Jumatatu jioni alitandika. Kila Jumanne asubuhi alifyonza matone, kisha akaandika daftarini: saa, hali ya hewa, idadi ya matone, matunda yaliyoanguka. Kwenye matunda, wiki kumi na moja mfululizo, aliandika: hakuna.

Jumanne ya kumi na mbili, maabara walimpigia simu akiwa njiani. Kirusi walichokipata kwenye matone hakikuwa kwenye orodha yoyote. Lakini jamaa wa karibu wa kirusi hicho Kokuberwa aliwajua. Wanashambulia ubongo.

Alimkuta Bi Hamisa anafagia uwanja.

"Shikamoo, Bi Hamisa."

"Marahaba, mwanangu. Leo umechelewa. Wahaya nyie! Mmesoma mpaka popo mnawasimamia mtihani. Haya, wamefaulu?"

Kokuberwa hakucheka. Alikuwa anatazama turubai. Juu ya mti makungu yalikuwa tele, mekundu, na chini hapakuwa na hata moja.

"Bi Hamisa, makungu yanayoanguka yanakwenda wapi?"

"Si tunakula! Mie nikishaswali alfajiri nayaokota yote, nisikuachie uchafu kwenye kazi yako." Akaonyesha bakuli kibarazani, limefunikwa kawa. "Hayo nimekuwekea wewe. Anza na yaliyoumwa na popo. Popo hali bichi."

"Mnayaosha?"

"Zamani tuliyaosha, yalikuwa na mchanga. Tangu ulete turubai lako yanaanguka pasafi, ya nini kuosha? Binti yangu Munira ndiye anayamaliza. Mimba yake haitaki kitu kingine."

Kokuberwa alihisi daftari linamlemea mkononi. Hakuna, hakuna, hakuna. Hakuwahi kuuliza.

"Munira yuko wapi?"

"Amelala. Homa tu, leo siku ya tatu. Tumempima malaria, hana. Kichwa ndicho kinamsumbua."

Sauti ya Munira ikatoka ndani, nzito kama ya mtu aliyelewa. "Mama, funga dirisha. Jua linaniumiza macho."

Bi Hamisa akageukia dirisha la binti yake. Lilikuwa limefungwa tangu jana, na kanga imetundikwa juu yake.

Kokuberwa alitoa barakoa mbili begini. Akavaa moja, nyingine akaishika mbele ya yule mama.

"Vaa, mama. Naita gari la wagonjwa, halafu nitakueleza kila kitu. Nilipaswa kukueleza siku ya kwanza."

"Unieleze nini? Si homa tu?"

"Nawa mikono kwanza, kwa sabuni. Na lile bakuli usiliguse tena."

Bi Hamisa akaangusha ufagio, akaitazama mikono yake. Ncha za vidole zilikuwa bado na wekundu wa makungu ya asubuhi.