Mzigo wa Mheshimiwa

Augustine Barasa alifika Doha mara ya kwanza mwaka 2006, akalinda lango la jengo moja la Al Sadd hadi alipokutwa amelala kwenye kiti cha mgeni na kufukuzwa. Katika masimulizi yake mwenyewe, aliacha kazi ili akautafute wito wake. Wito ulikawia. Alianza kwa kuuza viwanja visivyo na hati. Wakenya waliposhikwa na wazimu wa mayai ya kware, akauza kware, na kware walipokosa wanunuzi akawauzia majirani vizimba. Baadaye akauza sabuni ya mshubiri iliyowatoa watu vipele. Kisha akagundua bangi, na bangi ikamfanya mheshimiwa.

Dominiko aliyafuata hayo yote kwa simu, kutoka Doha, kwa sababu mwaka ule wa 2006 walilala chumba kimoja. Yeye hakuondoka, sasa alikuwa msimamizi wa walinzi katika hoteli moja ya West Bay. Aliona picha za Augustine amevaa tai ya kijani mbele ya mahakama, akidai sheria ibadilishwe. Alimsikia redioni akisema kwamba jela zimejaa vijana waliokamatwa na msokoto mmoja. Hoja hiyo ilikuwa ya kweli, na Dominiko aliikubali. Hakuwa na ugomvi na bangi. Alichokidharau ni kwamba Augustine alikuwa amepata kitu cha kweli cha kusema na bado akakisema kama muuza kware.

Mwaka 2018 mheshimiwa akarudi Doha, safari hii kama mgeni. Ijumaa, watu walipotoka kuswali na wengine kanisani, Paul, mwenyekiti wa chama cha Wakenya, alimkaribisha kwenye nyumba yake ya Fereej Bin Mahmoud. Viti vilijaa, waliokosa wakaketi juu ya zulia. Augustine aliongea kwa muda mrefu. Alitaja ukombozi, mkulima mdogo na uchumi wa kesho. Neno bangi halikumtoka hata mara moja. Alisema "mmea," akasema "mitishamba," akasema "neema ya babu zetu." Mtu mmoja alipouliza ni mmea gani hasa, alicheka na kuomba chai.

"Nairobi unaitaja kwa kipaza sauti," Dominiko alimwambia walipobaki karibu na meza ya chakula. "Hapa imekuwa mitishamba."

"Domi, ndugu yangu, kila soko na lugha yake."

"Na hapa soko ni gani?"

"Kuna mabwana wawili nakutana nao kesho. Wana pesa, hawana mawazo." Augustine alijipakulia kuku. "Wakishika chupa mkononi, wakipaka, wakisikia goti limelegea, mambo yamekwisha."

Paul, ambaye goti lake lilikuwa likimsumbua tangu siku za kusimama langoni, alisogea. "Mheshimiwa, hata mimi nipake kidogo basi."

"Ngoja jioni, mwenyekiti. Mzigo uko njiani. Kuna dada anauleta."

Dominiko aliiweka sahani chini. Jioni hiyo mtu mmoja tu wa chama alikuwa anatarajiwa kutoka likizo, naye alikuwa Stacy, mdogo wake wa tumbo moja, aliyefanya usafi wa vyumba katika hoteli ile ile ya West Bay.

Mambo ya mizigo yalikuwa na desturi yake. Mtu akienda likizo, jina lake lilitangazwa kwenye kundi la simu la chama, na siku za mwisho kabla ya kurudi, ndugu za wenzake walimfuata huko nyumbani na omena, unga, majani chai, nguo za kitenge. Kila mzigo ulifungwa na kuandikwa jina la mwenyewe. Mbebaji hakufungua. Kufungua kulikuwa sawa na kumwita mwenye mzigo mwizi mbele ya watu, na waliowahi kufanya hivyo hawakusahauliwa. Wote waliokuwa sebuleni kwa Paul walikuwa wamepitisha vifurushi vya watu uwanja wa ndege bila kujua ndani mna nini, nao walijisifia uaminifu huo. Dominiko aliwahi kusema kwenye mkutano kwamba ule ni ujinga. Walimjibu kwamba kazi ya ulinzi imemharibu.

"Mbona hukubeba mwenyewe?" alimuuliza Augustine.

"Mimi? Na sura yangu iko kila mahali? Watanipekua mpaka soksi." Akang'oa nyama kwenye mfupa. "Msichana wa kutandika vitanda hotelini nani atamshuku?"

Aliyasema hayo bila ubaya wowote, kama mtu anayeeleza njia fupi ya kwenda sokoni. Hakukumbuka Stacy ni dada wa nani, au alikumbuka na akaona si kitu. Dominiko hakungoja kujua. Alitoka hadi kwenye ngazi na kupiga simu.

Stacy alikuwa Nairobi, ameshakabidhi sanduku, anasubiri kuitwa kwenye ndege.

"Mzigo wa Barasa uko wapi?"

"Ndani ya sanduku. Kwani amekuambia hautatosha?"

"Uliufungua?"

"Nifungue kwa nini? Si wangu."

"Ni mafuta ya bangi, Stacy. Usipande."

Tangazo la ndege lilisikika nyuma ya Stacy.

"Jumapili naanza mapokezi," Stacy alisema. "Miaka minne nasugua vyoo vya watu, Domi. Meneja aliniambia nisipokuwepo Jumapili asubuhi, nafasi anampa Hannah."

"Najua."

"Una uhakika, ama unamchukia tu? Kwa sababu unamchukia."

"Namchukia, na nina uhakika. Waambie unaumwa tumbo. Usipopanda, sanduku watalishusha. Ukipanda, utakutana nalo hapa, na hapa hawatakuuliza la nani."

Akasikia pumzi yake. Kisha akamsikia akimwambia mtu, kwa Kiingereza cha hotelini, kwamba samahani, hajisikii vizuri.

Dominiko alirudi ndani na kumwambia Augustine kwa upole, "Ndege inatua saa moja. Gari ninalo. Twende sote tukampokee dada, mzigo uuchukue wewe mwenyewe pale pale mlangoni."

Augustine alifuta vidole, kidole kimoja baada ya kingine. Alisema ana miadi. Alisema miguu imemvimba kwa safari. Halafu akasema, kwa sauti ya chini, kwamba si busara mtu wa hadhi yake kuonekana pale.

"Sasa umejibu," Dominiko alisema.

Mabwana wenye pesa hawakumwona mheshimiwa kesho yake. Alfajiri alikuwa amekwisha kurudi Nairobi. Wiki hiyo alituma ujumbe wa sauti kwenye kundi la chama, akisikitika kwamba dawa ya wagonjwa imetupwa na binti aliyekosa malezi. Paul aliandika chini yake kwamba ni kweli, mzigo wa mtu haufunguliwi, hata ungekuwa na nini. Wengi waliweka alama ya dole gumba. Mwezi uliofuata Augustine alionekana kwenye televisheni akieleza jinsi askari wa Ghuba walivyomwinda kwa ajili ya msimamo wake.

Stacy alirudi Jumanne na kukuta Hannah amekalia kiti cha mapokezi. Akapewa tena toroli la mashuka. Dominiko alimkuta kwenye kantini ya wafanyakazi, anakula wali bila kuinua macho, na kwa mara ya kwanza Stacy alimweleza kilichotokea baada ya sanduku kushushwa.

"Nilikata seloteipu chooni," alisema. "Nilijua atakuwa ameficha, ameweka karafuu, ameweka kitu. Nilifungua chupa ya kwanza, ikanuka bangi choo kizima. Mama mmoja alikohoa. Nikazimwaga zote." Akasukuma sahani. "Hata kuficha hakujisumbua."

Dominiko alimsogezea maji.

"Nafasi nyingine ya mapokezi itatoka lini?" Stacy aliuliza.

"Sijui."

"Basi usiniambie nitaipata," alisema, akainuka kwenda kumalizia vyumba vyake.