Kichwa cha Cherehani Ndani ya Shuka

Mtaa wa mafundi nguo una adabu zake, na adabu ya kwanza ni hii: cherehani cha fundi hakiharibiki. Kinaweza kupumzika. Kinaweza kutiwa mafuta. Lakini kuharibika, thubutu, labda cha jirani. Mteja akisikia tu kwamba mashine yako inaruka mishono, anakihamishia kitambaa chake mlango wa pili hata hujamaliza kumsalimia, na jirani atakipokea kwa mikono miwili na uso wa huruma.

Ndiyo maana Mama Futi, mwanamke mnene mwenye sauti ya kufukuza kunguru, aliyepewa jina hilo kwa utepe wa kupimia usiomtoka shingoni hata akienda msibani, alikuwa na siku nne anakanyaga mashine isiyo na uzi. Alikanyaga ili majirani wasikie mlio. Akishafunga mlango, anashona kwa mkono mpaka vidole vinawaka moto. Alikuwa na oda ya majoho thelathini ya kwaya, na jirani yake wa ukuta mmoja, aliyeitwa Suruali kwa sababu hakushona kitu kingine, alikuwa akiyamezea mate majoho hayo tangu siku kitambaa kiliposhushwa.

Siku ya tano uzalendo ukamshinda. Akampigia simu fundi wa mashine, mtu mwembamba, mpole, aliyekaa upande wa pili wa mji, akamwekea masharti.

"Sitaki mtu akuone. Njoo saa sita, wenzangu wakiwa wanakula. Pitia uani, mlango nitauacha wazi. Kichwa cha cherehani kifunge kwenye shuka. Na wakikuuliza, mimi hunijui."

"Usijali, mama," alijibu yule fundi. "Siri za watu ndizo zinazonilisha."

Sasa ngoja nikwambie habari ya filimbi, maana bila filimbi kisa hiki kisingekuwapo.

Miezi miwili nyuma, vyerehani vitatu vya mtaa huo viliota miguu. Mafundi walikwenda kituo cha polisi kwa kundi. Ofisa akaandika kwenye daftari, kisha akawauliza mwizi ni nani. Wakamwambia wangekuwa wanamjua wasingemsumbua. Akafunga daftari. Baadaye wakamkamata mwizi mmoja wenyewe, wakamfikisha kituoni akiwa mzima, na baada ya siku tatu wakamwona anakatiza mtaani kwao, anatafuna karanga, anawapungia mkono. Mkono ule ndio uliowaharibu watu roho. Mtu anaweza kuvumilia kuibiwa. Kuibiwa halafu ukasalimiwa juu yake, hapo damu inachemka, na mimi siwalaumu.

Mama Futi ndiye aliyesimama kwenye kikao. Akatoa mfuko wa filimbi kumi na tisa alizonunua mwenyewe, akagawa kama peremende. "Filimbi ikilia, kila mtu atoke na alichonacho mkononi," akasema. "Na akikutwa na cherehani, hakuna maswali! Mara ile tulimuuliza, akatujibu vizuri, tukamwonea huruma. Safari hii tusimuulize hata jina la mama yake!" Walimpigia makofi mpaka mabati yakaitika. Siku hiyo alirudi nyumbani kichwa kimevimba kwa furaha, maana si kila siku mshona nguo anapigiwa makofi.

Basi, siku hiyohiyo ya tano, saa sita kasoro, Mama Futi alitokea mlango wa mbele kwa kishindo, akaaga jirani mmoja mmoja, akaenda duka la nyuzi mtaa wa tatu. Huko alipiga soga kwa muda wa saa nzima na zaidi, ili cherehani kipate muda wa kuondoka na kufika. Kumbe fundi wa mashine alichelewa. Na hilo nalo nani atamlaumu? Mama Futi mwenyewe hajawahi kumaliza gauni siku aliyoahidi.

Alikuwa anachagua uzi wa zambarau filimbi ya kwanza ilipolia. Ikaitika ya pili, ya tatu, mpaka hewa yote ikawa filimbi.

"Wamempata!" alimwambia muuza nyuzi, macho yanang'aa. "Mungu mkubwa, wamempata!" Akanyakua rula ya mbao ya kupimia vitambaa iliyokuwa juu ya meza. "Nitairudisha!" Akatimua mbio, na mwanamke aliyezoea kulalamika magoti alikata mitaa miwili bila kupumzika, anacheka peke yake njiani.

Aliwakuta wamefanya duara kwenye uchochoro nyuma ya nyumba. Kila mtu alikuwa ametoka na alichokuwa nacho: mkasi, kiatu, mti wa kukorogea rangi ya nguo. Suruali alishika pasi ya mkaa, bado inafuka moshi. Yeye ndiye aliyepuliza wa kwanza. Alimwona mtu anatoka uani na furushi, na fundi yeyote analijua umbo la cherehani hata ukikifunga kwenye magodoro mawili.

"Ni cha nani?" alikuwa anauliza Mzee Kola, yule anayegeuza kola zilizochakaa. "Sema ni cha nani!"

"Siwezi kusema," sauti ikajibu kutoka chini.

"Kwa nini huwezi?"

"Nimeahidi."

Watu wakacheka vibaya. "Mwizi ana ahadi! Jamani, dunia imefika mwisho!" Kisha mtu mmoja akamwona Mama Futi. "Amefika mwenyewe! Mpisheni! Kanuni ni yako, mama, anza wewe!"

Wakampisha. Mama Futi akaingia katikati ya duara, rula juu, na hapo akaona shuka lake la maua. Fundi wa mashine alikuwa ameketi mavumbini, amelikumbatia furushi, shati limechanika hadi ubavuni, mdomo umevimba upande mmoja. Aliinua macho, akamtambua. Kisha akayateremsha chini.

Hakumwita. Angesema neno moja tu, angeokoka, na hakulisema.

Nikwambie ukweli, maana Mama Futi mwenyewe huusema: wazo lake la kwanza halikuwa la mtu yule. Lilikuwa la majoho. Suruali yuko hapa, alijisemea, mtaa wote uko hapa, kesho kwaya nzima itajua. Wazo hilo lilidumu muda wa kumeza mate mara moja tu, lakini lilidumu. Pasi ya Suruali ilikuwa inapanda.

"Ni changu!" akapiga kelele, akaitupa rula, akajitupa mbele ya yule mtu na mwili wake wote. "Cherehani ni changu! Kibovu! Leo siku ya tano! Nimemwita mwenyewe!"

Duara likarudi nyuma hatua moja.

"Lakini jana nilikisikia," alisema Suruali, pasi bado iko hewani. "Kutwa nzima kinalia."

"Ulisikia miguu yangu, ewe baba! Nilikuwa nakanyaga hewa!"

Mtu mmoja nyuma akacheka kwa pua, akajizuia. Mzee Kola akautia mkasi wake mfukoni polepole. Akakohoa.

"Mimi huyu bwana ninamfahamu," alisema bila kumtazama mtu. "Mwezi uliopita alinitengenezea changu. Aliingilia dirisha la jikoni."

"Kwangu alikuja kama mjomba," alisema mwanamke mmoja muuza vifungo, kwa sauti ndogo. "Majirani wakampa pole ya safari."

Macho yote yakageuka kwa Suruali. Pasi ikaanza kushuka yenyewe. Jasho lilimtiririka, wala si la mkaa.

"Mara mbili," akasema.

"Nini mara mbili?"

"Amekuja kwangu mara mbili."

"Unamjua!" Mama Futi alishika kiuno. "Unamjua, na pasi umeinua!"

"Ningesema ninamjua, mngeniuliza nimemjulia wapi." Suruali akakaa chini palepale kwenye vumbi, akafunika uso kwa mikono. "Nilingoja mtu mwingine aseme. Nilingoja tu mtu mwingine aseme."

Na nusu ya duara ilikuwa inangoja hivyohivyo.

Aliyefungua mdomo ni fundi wa mashine mwenyewe. "Jamani," alisema kutoka chini, "naweza kuinuka? Cherehani hiki kizito."

Hapo kicheko kikawatoka wote kwa pamoja, kicheko cha watu walionusurika na jambo kubwa, hadi wengine wakalia. Walimnyanyua, mmoja akaleta maji ya kumwosha mdomo, mwingine kiti, mwingine soda baridi na nyingine ya akiba. Shati lake likagombaniwa na mafundi saba. Mwishowe waligawana: huyu ubavu, yule mkono, Mzee Kola akachukua kola, na mwanamke wa vifungo akang'oa vyote vya zamani akaweka vipya vya lulu ambavyo hakuviuza hata kwa maharusi. Nakuhakikishia, hata waziri hajawahi kuvaa shati lililoshonwa vile.

Mama Futi akaburuta meza yake nje, mbele ya nyumba, mchana kweupe, akaweka juu yake cherehani chake kibovu. Mzee Kola akaleta chake, kumbe kilikuwa kimeanza tena. Suruali akatoa viwili. Kufikia alasiri vyerehani kumi na moja vilikuwa barabarani vimepanga foleni kama wagonjwa wa zahanati, na wenyewe wanasimuliana maradhi yake bila haya, hiki kinakata uzi, kile kinagugumia. Wateja walipita wakaona, na wala hakuna aliyeondoka na kitambaa chake. Walipewa viti, wakabaki kusikiliza vichekesho. Mama Futi aliimba. Sauti yake si nzuri, lakini siku hiyo hakuna aliyemnyamazisha.

Jua lilipoinama alimpelekea fundi wa mashine kikombe cha chai. Alikuwa amevaa shati lake jipya la zamani, ameinamia cherehani cha Mama Futi, kilichoanza foleni na kuwekwa cha mwisho kwa ombi la mwenyewe.

"Mama," alisema bila kuinua kichwa, "nikuulize kitu."

"Uliza, mwanangu."

"Na kisingekuwa chako?"

Mama Futi alikuwa na majibu mengi mazuri, na mdomo wake haujawahi kukosa maneno. Akaweka kikombe mezani.

"Ningeanza mimi, kwa rula ile ile," akasema.

Fundi wa mashine aliitikia kwa kichwa, akaifuta bisibisi kwenye kitambaa. Akamtazama kidogo, kisha akamwonyesha kipande cha chuma kilichokuwa kinachezacheza.

"Shika hapa, nikaze."

Mama Futi akashika. Kipande kikamponyoka mara mbili, na fundi hakumharakisha. Alingoja mpaka mama akakishika sawasawa, ndipo akakaza.